Lugha ya Ushahidi na Kumbukumbu ya Taifa: Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Afrika ya Kusini

Mengi yamekwisha kuandikwa juu ya Tume ya Ukweli na Maridhiano iliyoanza kazi yake Afrika ya Kusini mwaka 1996. Wanasheria wameipima kwa mizani ya sheria, watu wa dini kwa mizani ya dini, na wanasiasa kila mmoja kwa mizani ya chama chake. Watu wa lugha wamesema kidogo, na hali kazi yote ya Tume hiyo ilikuwa kazi ya maneno: maneno yaliyosemwa, yaliyofasiriwa, yaliyoandikwa, na mengine yaliyopotea njiani baina ya kinywa na karatasi. Katika makala haya nia yangu ni kuonyesha kwamba ukweli uliorithiwa na taifa lile kutoka kwa Tume ni ukweli uliopita katika tafsiri, na kwamba asiyeichungua tafsiri hiyo hawezi kujua ni jambo gani hasa lililokumbukwa na lipi lililosahauliwa.

Habari za utawala wenyewe wa ubaguzi zajulikana, basi nitazipitia upesi. Chama cha National kilitwaa serikali mwaka 1948. Mwaka 1950 ilipitishwa sheria ya kuwaandikisha watu wote kwa rangi, na mwaka huo huo sheria ya kuwagawia maeneo ya kukaa kwa rangi hizo. Mwaka 1953 ikafuata sheria ya elimu ya Waafrika, ambayo shabaha yake ilikuwa kumlea mtoto mweusi kwa kazi ya utumishi. Msomaji wa jarida kama hili atakumbuka kwamba maasi makubwa ya vijana wa Soweto, tarehe 16 Juni 1976, yaliwashwa na jambo la lugha: amri ya kuwafundisha baadhi ya masomo kwa Kiafrikana, ambacho sisi tulizoea kukiita Kikaburu. Watoto walikwenda barabarani kwa sababu ya lugha ya kufundishia, wakapigwa risasi.

Mapatano yaliyoufikisha utawala huo mwisho wake yalihitaji bei. Wakuu wa majeshi na polisi hawakuwa tayari kukabidhi madaraka ili kesho yake wapelekwe kizimbani. Kwa hiyo katiba ya muda ya mwaka 1993 ilimalizika kwa maneno yaliyoahidi kwamba makosa yaliyotendwa kwa ajili ya siasa yatapewa msamaha, na ndani ya matini yake ya Kiingereza likaachwa neno moja bila kufasiriwa, nalo ni ubuntu. Hatuna haja ya kamusi kulielewa. Ni ndugu wa damu wa neno letu utu: shina ni lile lile la mtu na umuntu, na kiambishi bu- cha kwao ndicho u- kwetu. Lakini tazama lilipowekwa. Neno la watu walioonewa liliwekwa katika kifungu kilichowaahidi waonezi kinga.

Baada ya uchaguzi wa tarehe 27 Aprili 1994 ilitungwa sheria namba 34 ya mwaka 1995, nayo ndiyo iliyounda Tume. Makamishna walikuwa 17, mwenyekiti wao Askofu Mkuu Desmond Tutu, na makamu wake Alex Boraine. Kikao cha kwanza cha hadhara kilifunguliwa East London tarehe 15 Aprili 1996. Tume ilipewa kuchunguza makosa makubwa juu ya haki za binadamu tangu tarehe 1 Machi 1960, mwezi wa mauaji ya Sharpeville, hata tarehe 10 Mei 1994, siku alipoapishwa Nelson Mandela. Taarifa zaidi ya 21,000 za walioumizwa zilikusanywa, na katika kila watu kumi walioandikisha taarifa ni kama mmoja tu aliyepata kusema mbele ya hadhara.

Sasa natulitazame jina la Tume, kwa maana hapo ndipo shida ya kwanza ilipo. Kwa Kiafrikana maridhiano yaliitwa versoening, neno ambalo kila Kaburu aliyelelewa kanisani alikuwa akilisikia katika mahubiri juu ya upatanisho wa mwanadamu na Mungu. Kwa Kizulu ilitumika ukubuyisana, inayotokana na buya, yaani rudi. Ukiongeza viambishi vya kutendesha na kutendana wapata maana ya kurudishana, kama watu waliotengana wanavyorejeshwa pamoja. Kwa Kixhosa neno lilikuwa uxolelwaniso, na hili limejengwa juu ya xolela, yaani samehe. Mama wa Kixhosa aliyeitwa mbele ya Tume hiyo alilisikia neno la kusamehe ndani ya jina la mahali alipoitwa, kabla hajafungua kinywa kusema alifanyiwa nini. Sidhani kwamba waliotafuta jina hilo walikuwa na hila. Wafasiri walifanya kazi kwa haraka, wakashika neno lililokuwa karibu. Walakini hati moja ilizaa ahadi tatu zisizofanana: mmoja aliahidiwa upatanisho wa kanisani, mwingine kurudishwa pamoja, na mwingine aliombwa asamehe.

Kiswahili nacho kina mtego wake, na ni mkubwa zaidi. Neno msamaha kwetu lafanya kazi nyingi mno. Kuna msamaha wa kodi, msamaha wa rais kwa wafungwa, na msamaha atoao mtu moyoni mwake kwa jirani aliyemkosea. Sheria ya mwaka 1995 haikumtaka muuaji atubu, wala haikumtaka mjane amsamehe. Ilimtaka mwombaji aeleze mambo yote aliyoyatenda, na athibitishe kwamba aliyatenda kwa shabaha ya siasa; akitimiza hayo alifutiwa mashtaka, hata kama uso wake haukuonyesha majuto yoyote. Walioomba walikuwa 7,112, na waliopewa ni 849 tu. Kwa hiyo mwandishi wa Kiswahili aandikapo kwamba wauaji walisamehewa, anasema jambo ambalo halikutokea katika chumba kile, na anawavisha wafiwa tendo ambalo wengi wao hawakulitenda. Wazee wetu walikuwa na neno afu, nalo lingaliweza kutengwa kwa maana hii ya kisheria, msamaha ukabaki kwa wenye haki ya kuutoa.

Wapo waliotoa, tena kwa fikira kubwa. Cynthia Ngewu, mama wa Christopher Piet aliyeuawa na polisi pamoja na vijana wengine sita huko Gugulethu tarehe 3 Machi 1986, alieleza kwamba ikiwa maana ya maridhiano ni huyu aliyemwua mwanawe kuurudia ubinadamu wake, ili wote waupate tena ubinadamu wao, basi yeye anakubali. Mwanafalsafa angeandika kitabu kizima asiifikie fikira hiyo. Lakini yafaa kuangalia neno ikiwa. Mama yule aliweka sharti.

Familia nyingine zilikataa kabisa. Jamaa za Steve Biko, aliyekufa mikononi mwa polisi mwaka 1977, pamoja na za Mxenge na Ribeiro na chama cha AZAPO, walikwenda Mahakama ya Katiba kuipinga sheria ya msamaha, kwa hoja kwamba inawanyang'anya haki ya kuwashtaki wauaji. Mwezi wa Julai 1996 mahakama iliamua kwamba sheria hiyo ni halali. Hapa Kiswahili chatusaidia kuona jambo. Haki na hakika ni maneno mawili ya asili moja ya Kiarabu, na katika masikio yetu jambo la hakika na jambo la haki hukaa karibu. Afrika ya Kusini iliyatenga: ilinunua hakika kwa kuiacha haki. Kenya ilipounda tume yake kwa sheria ya mwaka 2008, baada ya mauaji yaliyofuata uchaguzi, ililiingiza neno hilo katikati ya jina, ikaiita Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano. Ama Zanzibar, yale maridhiano ya wakuu wa vyama ya mwaka 2009, yaliyothibitishwa na kura ya maoni ya mwaka 2010, yalikuwa maridhiano tu. Ukweli haukuwamo katika jina wala katika shughuli.

Turudi katika chumba cha mashahidi. Katiba mpya ilizitambua lugha 11 kuwa lugha rasmi, na Tume iliahidi kwamba kila shahidi atasema kwa lugha aliyoichagua mwenyewe. Kwa nchi ambayo Mwafrika alizoea kuulizwa na kuhukumiwa kwa lugha ya bwana wake, jambo hili si dogo. Mimi naliona kuwa ni moja katika mambo makubwa kabisa iliyoyafanya Tume. Chuo Kikuu cha Free State kilitoa mafunzo kwa wakalimani, nao wakaketi katika vibanda vyao wakifasiri papo hapo, na wasikilizaji wakavaa visikizi masikioni.

Kanuni ya ukalimani wa namna hii ni kwamba mkalimani hasemi “anasema alipigwa”; husema “nilipigwa”. Walimu wetu wa sarufi walichagua neno nafsi kwa kile kinachotajwa na mimi, wewe na yeye, na sijui kama waliwahi kufikiri ni kwa kiasi gani neno hilo litakuja kuwa kweli. Wakalimani wale waliazima nafsi ya kwanza kutwa nzima. Asubuhi mmoja wao alikuwa mama aliyeonyeshwa maiti ya mwanawe, na alasiri kibanda kile kile kilikuwa kikitoa sauti ya askari aliyeeleza namna alivyotesa. Baadhi yao walieleza baadaye jinsi walivyoumia, na jinsi maneno hayo yalivyowafuata hata nyumbani.

Mkalimani akiumia, na matini nayo huumia, ingawa kwa njia nyingine. Kixhosa na Kizulu hutenga wakati uliopita wa karibu na wakati uliopita wa mbali kwa kiambishi na kwa urefu wa vokali. Kiingereza hakina mlango huo, na shahidi anayeruka baina ya jana na miaka kumi iliyopita huonekana amechanganyikiwa, kumbe kila kitenzi chake kilikuwa kimebeba tarehe. Tena wako wake walioishika desturi ya hlonipha, ambayo humzuia mke kutamka maneno yenye silabi za majina ya wakwe zake. Heshima hiyo yote, na kila kinachofichwa kwa adabu katika maneno ya wazee wetu wa kike, haikuwa na mahali pa kukaa katika Kiingereza cha visikizini. Na kile Kiingereza ndicho kilichopigwa chapa. Nakala rasmi ya vikao ni nakala ya maneno ya mkalimani. Maneno ya shahidi mwenyewe yalibaki katika ukanda wa sauti.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni ushahidi wa mama mwingine katika wale wa vijana saba wa Gugulethu, Bibi Notrose Nobomvu Konile, aliyetoka Indwe, mashamba ya Rasi ya Mashariki. Alisema mbele ya Tume huko Heideveld tarehe 23 Aprili 1996. Katika nakala ya Kiingereza ushahidi wake hauna kichwa wala mguu. Anasimulia ndoto ya mbuzi aliyetazama juu. Mara yuko katika foleni ya malipo ya uzeeni. Mara anapigwa na jiwe alipokwenda kutafuta makaa. Wengine walimwona kama mzee aliyevurugwa akili kwa msiba. Hata jina lake la ukoo liliandikwa kwa makosa, na katika mama wa vijana wale yeye peke yake hakuandikiwa jina la kwanza.

Watu watatu hawakuridhika. Antjie Krog, mshairi wa Kiafrikana aliyeitangazia redio habari za Tume, alishirikiana na Nosisi Mpolweni, mwalimu wa Kixhosa, na Kopano Ratele, mwanasaikolojia. Waliusikiliza upya ukanda wa sauti, wakauandika kwa Kixhosa, wakaufasiri neno kwa neno, kisha wakamwendea mama mwenyewe kijijini kwake. Kitabu chao kilitoka mwaka 2009. Waligundua kwamba baadhi ya maneno hayakufasiriwa, mengine yalifasiriwa visivyo, na kwamba hadithi iliyoonekana kuwa ya kuparaganyika ilikuwa na mpango wake. Mbuzi aliyeonekana ndotoni ni mnyama wa matambiko. Kwa mtu aliyelelewa katika desturi ile ndoto hiyo ni taarifa ya msiba iliyotangulia mjumbe. Jiwe nalo lina mahali pake: ni habari ya mwanamke aliyebaki peke yake, hana mwana wa kumsaidia, anachimba makaa kwa mikono yake hata jiwe linamwangukia, na yeye anadhani ndiyo siku yake ya kufa. Yote hayo yalikuwa jibu la swali aliloulizwa, yaani kifo cha mwanawe kilimfanya nini. (Kwa njia ya pembeni: Kizulu humwita mnyama huyo imbuzi, sawa na sisi, lakini Kixhosa kimetwaa ibhokhwe kutoka lugha ya Wadachi. Hata mbuzi wa ndoto ile alikuwa amepitia mipaka ya historia.)

Mimi nashikilia kwamba kisa hiki si cha pekee. Kisicho cha kawaida ni kupata watu watatu wenye subira ya kukifuatilia. Taarifa zile zaidi ya 21,000 nyingi zilisimuliwa kwa lugha za Kibantu, na mwandishi wa Tume alisikiliza kwa lugha hiyo huku akiandika kwa Kiingereza. Kisha taarifa zikapelekwa kwa wenye kompyuta, wakazigawa katika mafungu yaliyowekwa na sheria: kuua, kuteka, kutesa, na kutendea vibaya sana. Jambo lisiloingia katika fungu halikuhesabiwa. Profesa Mahmood Mamdani wa Uganda, ambaye aliwahi kufundisha Dar es Salaam, aliitoa hoja hii kwa ukali: ya kwamba Tume iliwatazama waliopigania siasa na waliowapinga, ikawaacha mamilioni waliohukumiwa kwa sheria za pasi au waliong'olewa katika makao yao. Watu waliohamishwa kwa nguvu baina ya mwaka 1960 na 1983 hukadiriwa kuwa milioni tatu na nusu. Mambo hayo yalikuwa halali kwa sheria ya wakati ule, nayo ndiyo yaliyokuwa ubaguzi wenyewe. Msamiati wa Tume ulimjua mtesaji. Karani aliyegonga muhuri haukumjua.

Upande wa watawala nao lugha ilikuwa na kazi yake, lakini ilikuwa kazi ya kuficha. Tarehe 7 Juni 1985 ulipelekwa waraka wa siri kutoka kwa mkuu wa jeshi wa Jimbo la Mashariki kwenda kwa sekretarieti ya Baraza la Usalama wa Taifa, ukipendekeza kwamba Matthew Goniwe, mwalimu wa Cradock, pamoja na Fort Calata na mtu mwingine mmoja, waondolewe moja kwa moja katika jamii, tena kwa haraka. Tarehe 27 Juni Goniwe, Calata, Sparrow Mkonto na Sicelo Mhlauli walikamatwa njiani, wakauawa, na miili yao ikachomwa moto. Waraka ulipofichuliwa na gazeti moja mwaka 1992, watetezi wake walidai kwamba kuondolewa katika jamii maana yake ni kuwekwa kizuizini tu. Mwezi wa Oktoba 1997 mawaziri wa zamani waliulizwa na Tume juu ya maneno kama haya, na juu ya elimineer iliyojaa katika karatasi za Baraza. Walijibu kwamba wao hawakukusudia mauaji. Wadogo wao walielewa vibaya. Hapo mahojiano yakageuka kuwa somo la semantiki: ni nani mwenye maana ya neno, aliyelituma au aliyelipokea? Tume iliamua kwamba viongozi walipaswa kutambua kuwa maneno ya namna hiyo yataleta vifo. Kwa maoni yangu huu ni uamuzi sahihi hata kwa kanuni za isimu, kwa kuwa maana ya amri huonekana katika utii wake, na mtoa amri anayeona namna anavyotiiwa, kisha akarudia amri ile ile, amekwisha kuikubali maana hiyo.

Ripoti ilikabidhiwa kwa Rais Mandela tarehe 29 Oktoba 1998, juzuu tano, na mbili za mwisho zikafuata mwaka 2003. F. W. de Klerk alikwenda mahakamani hata maneno yaliyomhusu yakafunikwa kwa wino mweusi. Chama cha ANC, kilichotajwa kwa makosa yake katika kambi zake, nacho kilijaribu kuizuia ripoti kikashindwa. Tume ilikuwa imependekeza walioumizwa walipwe kwa muda wa miaka sita. Serikali ilitangaza mwaka 2003 kwamba italipa randi 30,000 kwa kila mmoja, mara moja.

Kesi kama 300 za watu ambao hawakuomba msamaha au walionyimwa zilikabidhiwa kwa waendesha mashtaka, na kwa miaka mingi karibu zote zililala. Mwaka 2017 moja iliamshwa. Ahmed Timol alianguka kutoka juu ya jengo la polisi Johannesburg mwaka 1971, na uchunguzi wa mwaka 1972 uliandika kwamba alijiua. Jaji wa mwaka 2017 alilifuta neno hilo akaandika kwamba aliuawa. Mwaka 2025 Rais Ramaphosa aliunda tume nyingine, ichunguze kama kulikuwa na mkono uliozizuia kesi hizo zisifunguliwe. Tarehe 2 Juni mwaka huo huo, miaka 40 kasoro siku chache tangu waraka ule uandikwe, uchunguzi wa tatu juu ya vifo vya watu wanne wa Cradock ulifunguliwa katika mahakama ya Gqeberha, mji uliokuwa ukiitwa Port Elizabeth. Wale polisi sita walionyimwa msamaha mwaka 1999 kwa mauaji hayo walikuwa wamekwisha kufa wote. Wajane walikuja, na wana waliokuwa wadogo baba zao walipokufa walikuja, wakasema tena yale waliyokwisha kuyasema. Wakalimani nao walikuwapo. Kanda za mwaka 1996 zimo katika hifadhi ya nyaraka ya taifa, na sehemu kubwa yake bado haijaandikwa kwa lugha zilizosemwa.